Miti Mia Nne Iliyosemekana Imekonda

Karatasi ilimfikia Yaway Temu akiwa barazani anamenya machipukizi ya mianzi, na aliisoma mpaka mwisho kabla ya kunawa mikono. Ilimtaka atie sahihi kwamba vipimo vyote alivyochukua upande wa chini wa msitu, tangu mwanzo, vilikuwa vya kukadiria tu. Akitia, angepewa cheti cha kustaafu chenye muhuri mwekundu. Asipotia, ofisi ya utafiti wa msitu ingeandika hivyo yenyewe, na kipande kile cha msitu kingefungwa na kingine kuanzishwa karibu na barabara.

"Mwambie Daktari Peng," alimwambia dereva aliyeileta, "kukadiria ni kazi ya wanunuzi wa uyoga. Mimi nilipima."

Mnunuzi wa uyoga ni mimi, na nilikuwa nimekaa palepale. Sikubisha. Kweli huwa nakadiria.

Mumewe, Hayung, alitema mate mekundu ya popoo kwenye kopo. "Tia sahihi, mke wangu. Una miaka sitini na moja. Miti haitakuja kukushukuru."

"Nani kakwambia nataka shukrani? Nataka namba zangu."

Huyo ndiye Yaway. Kuna watu hapa kijijini wanaosema ni mkaidi, na hawakosei. Lakini ukaidi wake ndio uliompa kazi. Alipokuwa na miaka thelathini na kitu, maprofesa wa mjini walitafuta wapagazi wa kuwabebea mchele na makopo ya rangi hadi juu, kwenye ukungu. Walikuwa wameweka uzio wa kamba kuzunguka hekta sita na kuanza kupigilia kila mti kibati chenye namba. Kila shina lililozidi unene wa kidole gumba lilipimwa, zaidi ya miti elfu kumi na tano, na walikusudia kurudi kila baada ya miaka mitano waipime ileile tena, wao na watakaokuja baada yao. Siku ya tatu mwanafunzi mmoja aliona ruba watano kwenye soksi yake akakaa chini akagoma. Yaway akatua mzigo, akaushika mkanda wa kupimia, akasoma namba mpaka jioni. Hakuna aliyewahi kuuchukua tena mkononi mwake.

Mizunguko sita ya upimaji aliifanya yeye. Mvua haikumzuia. Watu walimcheka: kazi gani hiyo ya kukumbatia miti ambayo huikati wala huiuzi? Mimi pia nilicheka. Siku moja akanifungulia madaftari mawili, la kwanza na la tano, akaniwekea kidole.

"Tazama huku chini. Mialoni mia moja na tisa. Tazama sasa. Imebaki sitini na mbili. Na huu mdalasini wa porini, zamani haukuwemo hata mmoja, ulikuwa kule chini kwenye mashamba ya pichi. Umepanda mpaka hapa. Msitu unahama, bwana. Unahama taratibu mno, hakuna jicho linaloweza kuuona. Daftari ndilo linaona."

Tangu siku hiyo sikucheka, maana nilielewa kwa nini uyoga wa mwaloni unapungua kwenye mizani yangu.

Sasa mzunguko wa saba ulipofika, ofisi ilikuwa na mkuu mpya, huyo Daktari Peng, mtu wa arobaini na mbili, msafi wa viatu. Alisema waliopita sitini hawapandi tena mlimani. Akaajiri vijana wa kampuni moja ya mjini, wakamaliza kwa wiki tano kazi ambayo Yaway na wenzake huifanya kwa miezi minne. Matokeo yakatoka: upande wa chini, miti mia nne na kidogo imekonda. Mti hukonda? Peng akaenda kuangalia mwenyewe, akakuta pete za rangi nyekundu, zile zinazoonyesha mahali mkanda unapopita, ziko chini mno. Kanuni inasema mita moja na sentimita thelathini kutoka ardhini. Pete za Yaway zilikuwa kwenye themanini, tisini. Na shina ni nene zaidi kadiri unavyoshuka. Kwa hiyo, akasema, mama huyu alikuwa anapima chini, kwa uvivu au kwa ufupi, na namba zake zote za upande ule ni takataka.

Ufupi wake ni kweli. Yaway ananifikia kwapani.

Kesho yake alipanda garini kwangu bila kuuliza, akatupa majembe mawili nyuma, akasema, "Ofisini."

Peng alikuwa anakunywa chai. Alisimama, nakiri, alimpa heshima yake. "Bi Yaway, karibu. Umeleta karatasi?"

"Nimeleta majembe."

"Sikiliza, mama. Hakuna anayekulaumu. Mtu mfupi anapima panapomfikia. Ni jambo la kibinadamu."

"Mwanangu, mimi nina mikono. Hata mbilikimo anaweza kuinua mkono mpaka mita moja na thelathini. Wewe uliitazama ile miti?"

"Niliitazama."

"Ulitazama miguu yake?"

Peng akaweka kikombe mezani.

"Mti una miguu," Yaway akasema. "Shina linatanuka linapoingia ardhini, kama mguu wa tembo. Ile miti yako iliyokonda imeingia ardhini wima kama nguzo za umeme. Uliona wapi mti wa nguzo?"

"Unataka kusema nini?"

"Nataka kusema kile kimbunga cha miaka mitatu iliyopita kiliporomosha udongo kutoka juu, na udongo ukalala pale. Majani yameshaota juu yake, ukipita na viatu vyako hujui. Vijana wako wamesimamisha kijiti chao cha mita moja na thelathini juu ya udongo mgeni, wakapima shingo badala ya kifua. Pete zangu hazijashuka. Ardhi ndiyo iliyopanda."

"Hilo ni dai."

"Ni dai, ndiyo. Tufanye hivi. Chagua miti kumi, wewe mwenyewe, nisiijue. Nichimbe. Nikishindwa natia sahihi karatasi yako, tena kwa kalamu yangu."

"Yote kumi itoke kama unavyosema?"

"Minane."

Peng akatabasamu. "Kwa nini si kumi, kama una uhakika?"

"Kwa sababu kuna mti unaochunwa gome na paa, na kuna mti unaooza. Anayekuahidi kumi kwa kumi anakuuzia kitu kibovu."

Nimefanya biashara maisha yangu yote, na sijasikia ofa iliyopangwa vizuri kuliko ile. Akaongeza: "Nikishinda, kipande hakifungwi. Na miti yote ile mia nne inapimwa upya. Mkanda unaushika wewe."

"Mimi?"

"Una mikono mirefu, sivyo?"

Makarani wawili wakainamisha vichwa kwenye meza zao. Peng akakubali, mbele ya makarani angefanyaje?

Tulipanda. Peng akachagua wa kwanza, namba 2217, mwaloni ulioegemea bonde. Yaway akapiga jembe upande wa juu wa mlima, maana ndiko kanuni inakosema upimie. Akachimba kwa mkono uliozoea. Kwanza majani, kisha udongo wa manjano usio na mzizi hata mmoja, mawe madogo, tena udongo. Sentimita arobaini na nne chini, jembe likagonga kitu chenye ngozi. Akapiga magoti, akafagia kwa kiganja. Mguu wa mwaloni ulikuwa umetanuka hapo, na juu yake tabaka la majani meusi ya miaka mitatu, yamekandamizwa kama karatasi.

"Weka kijiti chako hapa," akamwambia Peng.

Peng akakiweka. Ncha yake ikagusa ile pete nyekundu. Mkanda ukazungushwa kwenye pete. Katika mzunguko wa sita unene wake ulikuwa sentimita thelathini na moja nukta nne. Vijana wa kampuni waliandika thelathini nukta sita. Sasa mkanda ulisema thelathini na moja nukta tisa.

"Umekonda huo?" Yaway akauliza.

Yaway alichimba wa pili, wa tatu. Wa nne nilimsaidia mimi, kwa sababu nilitaka tushuke kabla ukungu haujafunga njia. Mpaka wa tisa, yote ilisema neno moja.

Wa kumi haukusema. Udongo pale ulikuwa kidogo, sentimita nane tu, na hata baada ya kuufagia, pete ilikuwa chini kuliko kijiti, tena kwa kiganja kizima. Peng akainua nyusi. Yaway akapapasa udongo kando ya shina kwa vidole.

"Huu ni wangu," akasema. "Mzunguko wa pili. Kulikuwa na mzizi hapa, umeshaoza. Nilisimamisha kijiti chini ya mzizi. Nimekosea."

Akatoa madaftari yake kwenye mfuko wa plastiki. Katika madaftari ya miti hakuna kufuta. Unapiga mstari mmoja juu ya namba, ili anayekuja baadaye aisome ile ya uongo pamoja na ya kweli, kisha pembeni unaandika sababu, tarehe na jina lako. Akafanya hivyo kwa mizunguko mitano, mmoja baada ya mwingine, mvua ikidondoka kwenye ukingo wa kofia yake. Sikuona aibu usoni mwake.

"Tisa kwa kumi," Peng akasema. "Sawa. Umeshinda, Bi Yaway. Nitaandika kipande kibaki. Na miti hii mia nne tutaipima, nimekubali. Zile namba walizoandika vijana nitazirekebisha kwenye kompyuta, yaishe."

"Utazirekebisha vipi?"

"Nitazitoa. Naweka mpya."

"Hapana."

"Mama, ni makosa. Nani anataka kusoma makosa?"

"Mtu atakayekuja hapa mimi na wewe tukiwa mifupa. Ataona udongo umepanda, atataka kujua lini, na nani hakuuona." Akamgeuzia daftari la mzunguko wa saba, lile jipya la vijana wa kampuni alilolibeba Peng mwenyewe, lisilo na doa hata la ruba. "Mstari mmoja. Sababu. Tarehe. Jina."

"Zote mia nne?"

"Na kumi na moja. Nimezihesabu."

Peng alinitazama mimi, kama vile mnunuzi wa uyoga angeweza kumpunguzia bei. Nikatazama majembe. Akachukua kalamu, akaegemeza daftari kwenye shina lililokuwa karibu, akapiga mstari wa kwanza, ule wa 2217, na kuandika.

Yaway akanyoosha shingo, akasoma.

"Jina halisomeki," akasema. "Andika tena."