Sambusa za Siku ya Kipigo

Tarehe nane Novemba, mwaka juzi, nilimpoteza dada yangu. Mumewe alimuua kwa mikono yake, jikoni kwao, katika fleti yao ya Sharpstown, hapa Houston. Nilikuwa nimempelekea sufuria yake, nikakuta mlango uko wazi. Niliona yote. Nilipiga mayowe mpaka majirani wakatoka. Dada yangu hakupiga mayowe hata kidogo.

Baada ya mazishi nilirithi kazi yake. Alikuwa anamtunza bibi mmoja wa Kiyahudi, mjane, anayeishi peke yake. Bibi alisema hataki mgeni mwingine nyumbani kwake. Mimi niliishia darasa la saba, Kiingereza changu ni cha kubabaisha, lakini tunaelewana.

Mwaka jana, siku ya mwisho kabla ya mfungo wao mkubwa, Bibi akasema tupike kreplach. Ni kama sambusa ndogo: unga umekandwa na mayai, ndani nyama, zinachemshwa kwenye supu ya kuku. Ndicho chakula cha mwisho kabla ya kufunga. Mimi nakiita daku, ingawa wao wanakula jua likiwa bado juu.

Nyama yake haisagwi kwa mashine. Inachemshwa, kisha inakatwakatwa kwa kisu kipana chenye mpini juu. Mikono ya Bibi inatetemeka, basi nikakata mimi. Nilikata kwa nguvu mpaka ubao ukawa unaruka juu ya meza na nyama ikatapakaa sakafuni. Kesi ya shemeji, mume wa dada, ilikuwa Jumatatu iliyofuata, na mimi ndiye shahidi pekee aliyeona. Nilikuwa silali vizuri.

Nilipotoa siagi kwenye friji nikaangie vitunguu, Bibi alinichapa kofi mkononi. Kofi la kweli, nilisikia moto.

"Siagi kwenye nyama! Unataka niichome nyumba nzima?"

"Samahani, Bibi. Kwetu tunatia hata samli."

"Maziwa na nyama havikai pamoja hapa, kwetu ni haramu. Mafuta ya kuku yako pale. Dada yako naye alitoa siagi hiyo hiyo, nikamchapa hivi hivi..."

Aliuangalia mkono wake kama si wake.

Kisha akaniambia. Alipomchapa dada, alimweleza kwamba kreplach ni chakula cha siku za kipigo. Kuna siku wanapiga miguu chini na kelele ili jina la adui yao wa zamani lisisikike. Kuna siku wanachapa matawi sakafuni mpaka majani yapukutike. Na siku kama ile, kabla ya mfungo, zamani wanaume waliinama wakachapwa mgongoni kwa toba. Ndiyo maana hata nyama inapigwa kwa kisu.

"Dada yako akacheka," alisema Bibi. "Akasema, basi kwangu zipikwe kila siku. Na mimi nikacheka, nikidhani ni utani."

Simu yangu ikalia. Mikono ilikuwa na unga, nikaiweka spika. Alikuwa kaka mkubwa wa shemeji, anayekaa Haltom City, mwendo wa saa nne kwa gari.

"Shemeji, salama?"

"Salama, kaka."

"Nitasema bila kuzunguka. Jumatatu sema hukuona vizuri. Palikuwa na giza, marehemu akateleza."

"Taa ilikuwa inawaka."

"We mwanamke, dada yako harudi! Unataka mdogo wangu azeekee jela? Mama yetu yuko Tanga, hali wala hanywi. Mtoto wa Kiislamu anasamehe."

Bibi hakuelewa maneno, lakini sauti aliielewa. Akauliza mtu huyo anataka nini. Nikamwambia anataka nimsamehe shemeji.

"Leo ndiyo siku ya msamaha," akasema. "Kabla ya kufunga, kila mtu anamwendea yule aliyemkosea, uso kwa uso. Yeye alimkosea nani?"

"Dada."

"Basi amwendee dada yako."

"Unaongea na nani hapo?" kaka mtu akafoka kwenye simu.

"Kaka, nitasema nilichokiona."

"Mbwa wewe! Nikikukuta Houston nakung'oa meno, tuone utasema kwa mdomo gani."

Akakata. Nikaendelea kufunga unga: pembe kwa pembe, unabana kwa vidole. Nilibana kwa hasira, unga ukachanika, nyingi zikapasuka ndani ya chungu. Bibi alikula zile zilizopasuka.

Jumatatu nikala kiapo mahakamani. Mkalimani alikuwa mama wa Kikenya. Wakili wa shemeji aliuliza shemeji alimpiga dada mara ngapi.

"Sikuhesabu."

"Basi hukuona vizuri."

"Niliona. Sikuhesabu."

Wakili wa serikali akaniomba nionyeshe. Nikajishika mtandio na nywele kwa nyuma, nikajipiga paji la uso kwenye ubao wa kizimba uliokuwa mbele yangu. Jaji akasema inatosha. Mkalimani alikuwa analia, hakutafsiri, lakini nilielewa. Nikainua kichwa nikakipiga tena, kwa sababu shemeji naye alipiga tena.