Chungu Kilichotoa Jasho

Nilikuwa nachimba msingi wa jiko, kwenye kiwanja tulichoachiwa na wazazi kando ya njia ya zamani ya misafara, jembe likagusa chungu kizima. Nikakiosha, nikakiweka ndani. Mvua zilipokaribia, kikaanza kutoa jasho kikiwa kitupu. Mdogo wangu wa mwisho alipoona matone yakishuka ubavuni, akabeba mkeka wake akahamia kwa jirani. Niliacha shule ili wadogo zangu wasitawanyike. Sasa huyu ameondoka kwa sababu ya chungu.

Nikakipeleka kwa bibi mfinyanzi wa mtaani, naye mdogo wangu akanifuata kwa mbali.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mume wangu. Ndiyo mahari hiyo?"

Alipapasa mdomo wa chungu, akalamba kidole. Utani ukaisha.

"Udongo huu si wa kwetu, na mdomo hatuukunji hivi. Hiki ni cha Uvinza, kule magharibi, cha kubebea chumvi. Imeingia hadi ndani ya udongo, ndiyo inayovuta unyevu."

"Kilifikaje kwetu?"

"Kichwani mwa mtu. Sijui kwa nini alikifukia asirudi."

Mdogo wangu akasogea. "Alikuwa na wadogo zake?"

"Huenda," nikasema.

"Waliambiwa kwamba harudi?"

Bibi akanirudishia chungu.

Mchana huohuo tulikirudisha shimoni, nikasogeza msingi hatua tatu. Mdogo wangu ndiye aliyekilaza, mdomo ukielekea magharibi. Kisha akaenda kuchukua mkeka wake.