Joto la Sufuria

Bibi Gaudiosa wa Maguu alikuwa amefikia umri wa kulala jikoni. Ndivyo wazee wa huku milimani walivyozoea: Julai ikiingia na ukungu wake, mwili uliochoka hujilaza karibu na mafiga, gogo moja likiungua polepole hadi asubuhi. Blanketi lake lilikuwa limebaki nyuzi tu, lakini kwa moto ule halikumsumbua.

Mwaka huu mwanawe Erasmo akajenga jiko banifu, lile la mradi wa kupunguza kuni. Jiko lenyewe halina kosa: la udongo, mdomo mdogo, vijiti vitatu na maharage yameiva, macho hayawashi. Ila Erasmo alipoyang'oa mafiga na kuyatupa shimoni, hakumuuliza mama yake hata neno.

"Mama, kuni ni za kupikia," alimwambia siku alipomkuta amewasha gogo sakafuni. Akalimwagia maji mbele yake. "Sisi ni kaya ya mfano. Unataka wageni wakute masizi?"

Tangu hapo bibi akawa analala amejikunja, mgongo ameuegemeza kwenye ule udongo wa jiko, akitafuta joto lisilotoka. Kikohozi kikamkaa kifuani. Erasmo alikisikia, mkewe alikisikia, na wote wawili walilala usingizi wao vizuri tu.

Wageni wa mradi wakaja. Mtaalamu wao, dada aitwaye Jacqueline, akapiga goti.

"Shikamoo, bibi. Jiko limekusaidiaje?"

Bibi akajibu kwa Kimatengo kwamba anakufa kwa baridi.

"Anasema anashukuru sana," Erasmo akatafsiri, bila hata kupepesa macho.

Kiswahili cha kanisani kilikuwa hakijamtoka bibi. Alimwelewa mwanawe vizuri mno, na moyo ukamuuma kuliko kifua. Akakusanya maneno yake machache, akasema mwenyewe: "Hapana. Jiko linawaka, mimi naona baridi."

Erasmo akamtolea macho. Jacqueline akapiga makofi.

"Mmesikia? Moto unawaka, na aliyekaa kando hausikii! Joto lote linaingia kwenye sufuria, halipotei hata kidogo!"

Wageni wakacheka kwa furaha. Mmoja akainua simu. "Bibi, sema tena hivyo hivyo, turekodi. Tabasamu kidogo. Na usitetemeke, picha inacheza."

Bibi akamtazama mwanawe.

"Rudia, mama," alisema Erasmo.

Bibi akarudia.