Chumba cha Darini

Kwetu Mji wa Kale binti akiposwa, wazee huuliza atakaa wapi. Siku ya posa ya mwanangu nilijibu kabla sijaulizwa: "Mwanangu hatoki hapa. Nitamjengea juu." Mke wangu alikuwa nyuma ya pazia na wanawake wenziwe, nikamsikia akikohoa kile kikohozi chake cha kunionya. Sikujali. Mimi mwenyewe nilizaliwa katika ghorofa ambayo babu alimjengea mama yangu.

Ulimi ulitangulia, akili ikafuata. Nyumba za huku ni za urithi, haziongezwi ovyo. Urefu, paa, mbao za roshani, hata rangi ya ukuta yataka kibali. Ofisa wa majengo, mama wa bara mwenye heshima zake, alipanda darini kwetu, juu ya nyumba, akapima, akashuka akitikisa kichwa.

"Mzee, ukiongeza ghorofa nzima utaipita nyumba ya jirani. Hairuhusiwi."

Tangu hapo sikutulia. Kutwa nilikuwa mtu wa ngazi, juu na chini, futi ya kupimia mfukoni. Nikitoka msikitini, darini. Chai ikipoa, nikimkaripia fundi niliyemwita apime upya, na fundi akiondoka nikimkaripia paka. Nikaenda kwa jirani, mjane aliyenijua tangu utotoni, nikidhani ataniunga mkono.

"Na dirisha lako litatazama wapi, mwanangu?" akaniuliza. "Mimi hapo uani hukaa kichwa wazi."

Niliona haya. Sheria ya ofisini nilikuwa tayari kubishana nayo mpaka kiyama. Hii ya sitara ya mwanamke nyumbani kwake niliikubali palepale.

Nikachoresha upya: chumba kimoja tu, kwa nyuma, kifupi, kisichoonekana kutoka njiani, dirisha likitazama dari yetu wenyewe. Ofisa aliupitia mchoro kwa rula yake.

"Hiki chaweza kupita," akasema.

Nilirudi nyumbani karibu nikimbie, kanzu imeloa jasho. Nilipofika ukumbini nikasikia sauti ya binti yangu kutoka jikoni, akizungumza na mamake.

"Mchumba wangu kashaona nyumba kule Tudor. Ina kibaraza, mama, upepo waingia wenyewe! Lakini baba akipata kibali tutakaa papa hapa. Siwezi kumvunja moyo."

Hakulalamika. Laiti angelalamika, ningegombana naye na yangekwisha. Nilisimama pale, mchoro kwapani. Kisha nikaingia. Mkono wake uliganda juu ya mbuzi ya nazi.

"Wamesemaje, baba?"

"Wamekataa," nikasema.

"Pole, baba." Akainamia nazi yake upesi, lakini uso wake nilikuwa nimeshauona.

Nikaketi, nikawalaani watu wa majengo na sheria zao zote, kwa sauti, mpaka mke wangu akaniambia yatosha.