Taya la Ambrose Detweiler

Kwenye majukwaa ya maigizo ya Marekani enzi zile, kofi lilipigwa na anayepigwa. Mwenzako anarusha ngumi hewani karibu na shavu lako, wewe unagonga viganja kifuani, pa, kisha unaanguka. Ambrose Detweiler, mtoto wa mchinja nyama wa Lancaster, alikula kwa mlio huo miaka mingi. Yeye ndiye aliyekuwa mtu mbaya wa mchezo: mpora mashamba, mchoma nyumba, mtesa wajane. Viganja vyake vilizoea mpaka vikawa vinakwenda vyenyewe, kama kope zinavyofumba bila kuamriwa.

Watu walimchukia kwa moyo mmoja, na chuki ndiyo iliyokuwa sifa yake. Katika mji wa Terre Haute mchimba makaa alipanda jukwaani akampasua kichwa kwa mguu wa kiti. Akashonwa, na kesho yake akacheza na bandeji chini ya kofia. Mkewe Hattie, ambaye ndiye aliyeigiza wajane wenyewe, alisema ile damu ilikuwa tangazo kushinda bango lolote, akaiongezea rangi nyekundu kidogo.

Mwaka 1913 wakahamia Fort Lee, kwenye picha za sinema zisizo na sauti. Mwongozaji wao, Stroud, akamtafutia mpinzani: Corky Hanrahan, bondia mstaafu ambaye jukwaa hakuwahi kulikanyaga. Ambrose alimweleza mambo yatakavyokwenda, Hanrahan akaitikia kwa kichwa kama mtu aliyeelewa. Kamera ikaanza kuzungushwa. Ngumi ikaja, viganja vya Ambrose vikashuka kifuani kutafuta mlio ambao hakuna mtazamaji angeusikia, na uso ukabaki wazi. Taya likavunjika, meno yakamwagika kwenye mbao.

"Sasa umeshusha mikono ya nini, kaka?" Hanrahan aliuliza, na kweli alishangaa. "Ukishusha mikono, mtu anapiga."

Stroud hakusimamisha kamera. Picha ile ikajaza kumbi, na tangu hapo alitaka damu ya kweli kila picha. Ambrose alifungwa taya kwa waya, akawa anakunywa mchuzi kwa mrija. Daktari hakumficha: likivunjika tena, asahau kusema. Stroud akamwambia mwigizaji wa picha bubu hahitaji kusema. Lakini Ambrose alijua picha ni upepo tu. Siku watu watakapouchoka uso wake, kitakachomlisha ni mdomo.

Basi akafanya biashara. Alimwendea Stroud akamtandazia bidhaa: mbavu, mgongo, kuanguka ngazi, kupita dirishani na kioo chake, chukua vyote. Taya haliuzwi. Wakapeana mikono. Mwaka ule alivunjika mbavu na kuungua bega, wala hakunung'unika. Alichouza alikuwa amekiuza.

Siku ya kupiga picha ya pambano la baa, Hattie akamfuata chumba cha kuvalia, poda usoni nusu.

"Leo ni taya," akasema. "Stroud kamwambia Corky alenge palepale pa zamani."

"Corky kajibuje?"

"Kasema, 'Kazi ni kazi, bosi.' Mume wangu, tuondoke."

"Nikiondoka, nimevunja makubaliano mimi. Wavunje wao."

Akaingia kwenye baa ya kuigizia akiwa amejaza mikono yote miwili, kwa sababu mkono ulioshika kitu haupigi makofi. Kushoto alishika kigoda. Kulia alishika chupa, si zile za sukari zinazopasuliwa vichwani kwa kuigiza, bali chupa ya kioo. Ngumi ya Hanrahan ikaja juu, wazi kabisa kwamba inatafuta taya. Ambrose akainama, akampasulia chupa usoni. Pua ya bondia ikalala shavuni. Alipojaribu kuinuka, kigoda kikamrudisha chini. Kisha Ambrose akapita mbele ya kamera, ambayo bado ilikuwa inazunguka, akamvunja Stroud mfupa wa bega kwa kigoda kilekile.

"Hutafanya kazi tena kwenye picha," Stroud akagumia kutoka sakafuni.

"Kwenye picha tu," Ambrose akaitikia.

Na kweli, milango ya picha ikafungwa. Akarudi kwenye kumbi ndogo za miji ya reli, mpaka redio ilipoingia majumbani. Kituo kimoja cha Chicago kilikuwa kinatafuta muuaji wa michezo yake ya kuigiza. Taya lililoungwa upande lilikuwa limeipa sauti yake mkwaruzo, kama kisu juu ya mfupa. Walisikia sentensi moja, wakamchukua.

Siku moja aliingia kwa kinyozi asiyemjua, akalazwa kitini, povu mpaka masikioni. Akasema tu apunguziwe pembeni. Wembe ukasimama kooni.

"Wewe ndiye uliyemnyonga yule mwalimu siku ya Jumanne," kinyozi akasema polepole. "Mke wangu hapati usingizi."

"Mwambie azime redio Jumanne hii, mzee. Ni zamu ya dada wa yule mwalimu."

Wembe ukateleza, damu ikachuruzika ndani ya povu. Ambrose akaiacha. Alitoka na pamba shingoni, akaenda moja kwa moja kituoni kumwonyesha meneja kile kidonda kama tangazo na kudai kipindi chake mwenyewe.