Maziwa ya Chumvi

Juzi Ami Twaha, ndugu mdogo wa baba, alikuja likizo kutoka Utah, Marekani, akanitia mkononi kifuko cha chumvi. Nilipokinusa, niliikumbuka ile alasiri aliyotuaga.

Nyumba yetu ya Mji wa Kale ilinukia iliki. Chai ilikuwa ikitokota jikoni, na chini ya dirisha mikokoteni ilipita ikigongagonga kutoka soko la Marikiti.

"Huko uendako kukoje, mwanangu?" Nyanya alimwuliza.

"Kuna milima yenye theluji, mama, na jangwa, na maziwa ya chumvi."

Siku hizi najua kuwa ziwa kubwa la huko lina chumvi kuishinda bahari yetu. Wakati ule sikujua maziwa mengine ila ya ng'ombe. Nilimwonea imani ami yangu, asiyekunywa chai bila maziwa hata akiugua. Nikalichukua kopo la sukari la Nyanya, nikalimimina lote sandukuni mwake, juu ya kanzu zilizopigwa pasi.

"Niliikuta hadi kwenye soksi," alinambia juzi, akicheka. "Sikuikung'uta yote. Baridi ile ya kwanza sikuwa na mtu kule. Kila nikivaa viatu, punje zikinikwaruza vidole, najua kwetu nina mtu."