Kikwembe cha Samaki

Niliandika maono ya watu kwa miaka sita, katika biro, yaani ofisi ndogo, kando ya mashimo ya shaba ya Musonoi, Kolwezi, wakati Wabelgiji walikuwa bado wanashika nchi. Watoto wangu wanadhani ninawatania ninapowaambia kwamba hiyo ilikuwa kazi, yenye meza, wino na mshahara.

Kwetu wakati ulikuwa unaonekana kwa macho. Kila adhuhuri baruti ilipopasuka mgodini, vumbi la kijani lilipanda juu, na lilipotua, watu wachache waliona kipande cha siku nyingine, iliyopita au ambayo haijafika. Kilidumu muda wa kumenya kiazi kimoja, bila sauti yoyote, kisha kikafutika. Kampuni ilitaka kujua mapema ni ukuta gani wa shimo utakaobomoka, kwa hiyo kila aliyeona aliombwa kuja kwetu kueleza. Mengi tuliyoandika hayakuhusu ukuta wowote. Mtu aliona kuku, mwingine aliona bi harusi anakunywa maji. Tuliandika vilevile.

Swali letu kubwa lilikuwa la kivuli. Kitu kilichokwisha kupita kilionekana pamoja na kivuli chake. Kitu ambacho hakijafika hakikuwa na kivuli.

Na sharti lilikuwa moja. Ukimtambua mtu katika maono, humwambii. "Ukimwambia atageuza njia yake," shefu wetu, mkuu wa biro, alisema siku niliyoanza, "na kitabu kitakuwa cha uongo." Niliitika bila shida. Kwa miaka mitano sikumtambua mtu hata mmoja.

Mwaka wa sita, asubuhi moja, aliingia mama aliyeuza mboga za lengalenga na sombe sokoni pa kampi ya wafanyakazi. Aliweka beseni lake chini mlangoni, akaketi.

"Tata karani, mi niliona mwanamuke. Anaikala chini, pa mukeka. Kichwa banakinyoa."

"Yuko kwenye kilio, amefiwa?"

"Ee, njo kilio. Bantu banafungua kinywa, banalia, lakini sisikii kitu."

"Amevaa nini?"

"Kikwembe cha manjano, na samaki ya buluu. Huku chini kiliungua na pasi."

Kalamu yangu ilisimama. Mimi ndiye niliyekiunguza kikwembe hicho, Jumapili moja nilipotaka kumsaidia mke wangu kupiga pasi. Kilikuwa kitenge alichopewa na mama yake siku tulipooana, na hata baada ya kuungua alikataa kukitupa.

"Kulikuwa na kivuli?"

"Hapana, tata. Hata mukeka hauna kivuli."

Nilimuuliza swali lisilokuwa katika kazi yangu. "Mwanamume yuko karibu naye?"

"Simuoni mwanaume."

Nikaandika yote kama alivyosema, nikafunga kitabu.

Tulikuwa na miaka mitatu katika ndoa, hatujapata mtoto bado. Sikuona mtu mwingine ambaye kifo chake kingemfanya mke wangu anyolewe kichwa isipokuwa mimi. Tangu siku hiyo nilianza kujilinda kama mtu anayebeba yai. Niliacha baiskeli nyumbani, nikatembea kwa miguu, mbali na ukingo wa shimo. Baruti ilipopasuka nilishika meza kwa mikono miwili. Nilipokohoa kidogo tu nilisikiliza kifua changu kwa muda mrefu.

"Unaumwa, tata?" mke wangu aliuliza.

"Kazi ni nyingi."

Siku iliyofuata, alipokwenda kisimani, nilitoa kile kikwembe katika sanduku lake, nikakizungushia gazeti, nikakipeleka biro na kukificha chini ya vitabu vya zamani. Nilijiambia kwamba kama hakimo nyumbani hawezi kukivaa, na kama hawezi kukivaa, siku ile haina njia ya kufika. Ninajua inavyosikika. Mtu mwenye hofu hupata akili za namna hiyo.

Wiki mbili baadaye kaka yake, aliyefanya kazi kwenye reli, alipita na habari kutoka kwao Kasaji. Mama yao alikuwa amevimba miguu na hakuweza kutoka kitandani. Mke wangu alianza kukunja nguo palepale, kaka yake akiwa bado amesimama mlangoni.

"Gari ya moshi iko kesho," aliniambia. "Nitakaa naye wiki mbili."

Akilini nilimwona akipanda gari, nami nikifa nyumbani peke yangu, naye akirudi kunyolewa kichwa. Sikumfikiria yule mgonjwa hata kidogo. Nikasema, "Ngoja mwisho wa mwezi. Nitaomba ruhusa, tutakwenda wote wawili."

"Mama anaumwa sasa."

"Miguu ikivimba haiui mtu. Ngoja."

Hakuwa mwanamke wa kubishana mbele ya kaka yake. Alizirudisha nguo katika sanduku, moja moja. Zilibaki siku kumi na moja kufika mwisho wa mwezi. Siku ya nane kaka yake alirudi, na tulipomwona anavuka barabara bila kofia kichwani, mke wangu aliketi chini kabla kaka yake hajafika kutuambia kwamba mama amefariki.

Alilia, kisha akafungua sanduku. Alitoa kila kitu, akatikisa, akarudia. "Nataka kile cha samaki. Kile mama alinipatia. Kiko wapi?"

Ningeweza kusema sijui. Nilitembea hadi biro, nikakitoa chini ya vitabu, nikamletea kikiwa bado katika gazeti. Hakuuliza kilikuwa wapi. Alijifunga palepale.

Kasaji tulikuta wamekwisha kuzika. Shangazi zake walimnyoa, akaketi kwenye mkeka pamoja nao, upande wa wanawake. Mimi nilikuwa nje na wanaume, na kupitia mlangoni niliona kila kitu kama nilivyokiandika kwa mkono wangu, ila sasa jua lilikuwa linaingia na kivuli chake kilikuwa ukutani. Nilikuwa mzima. Sijapata kuona aibu kama ile ya kuwa mzima.

Kilio kilipokwisha, nilimkuta nyuma ya nyumba anaosha vyombo vya mama yake. Nilimweleza yote: mama wa lengalenga, kikwembe, hofu yangu, na sababu ya kumwambia angoje. Aliendelea kuosha sufuria ileile mpaka nilipomaliza.

"Ulijua kuko kilio," akasema.

"Nilidhani ni changu."

"Ungeniambia, mi ningeogopa. Lakini ningeuliza ni cha nani. Ningeanza na mama yangu, yeye njo alikuwa muzee." Akaweka sufuria chini. "Wewe ulianza na wewe."

Alisema atabaki Kasaji, nirudi peke yangu, na hakusema mpaka lini.

Nilirudi Kolwezi na kumwambia shefu ninaacha kazi. Alifungua kitabu kwenye ukurasa ule, akanipa kalamu nyekundu, maana maono yaliyotimia tulikuwa tunayapigia mstari. Nilikataa. Akaupiga yeye mwenyewe, kwa rula, akanitakia heri. Nilipata kazi ya kupokea mbao kwenye ghala karibu na stesheni, na kila gari ya moshi kutoka magharibi iliposimama nilitoka kuangalia wanaoshuka, huku nikijifanya ninahesabu mbao.

Mke wangu alirudi kiangazi, nywele zimeota, na mfuko wa unga wa mihogo kichwani. Sikuthubutu kumkimbilia. Aliniona, akashusha mfuko mbele yangu.

"Beba," akasema. "Ni muzito."

Niliubeba, tukatembea hadi nyumbani. Mwaka uliofuata alipata mtoto wa kike, tukampa jina la bibi yake wa Kasaji. Kunisamehe kwa maneno, hakunisamehe, wala mimi sikumwomba. Lakini kila aliponiona nimekaa kimya muda mrefu alikuja kuketi karibu yangu na kusema, "Sema. Unafikiri nini?" Nami nilimwambia, hata kama lilikuwa jambo dogo, hata kama lilikuwa la kunitia aibu.